Kuwafuata Liverbirds kutoka Mersey hadi Große Freiheit

Watalii wengi wanaokwenda Liverpool kwa ajili ya muziki wa miaka ya sitini huwafuata Beatles, vijana wanne ambao dunia nzima inawajua. Mimi niliwafuata mabinti wanne wa mji huo huo, ambao hata wapiga magitaa wenzangu wa Dar es Salaam, watu wanaojisifu kwa kuijua kila santuri iliyowahi kuzunguka, hawakuwahi kuwasikia. Kikundi chao kiliitwa The Liverbirds. Pamela Birch aliimba na kupiga gitaa, Valerie Gell alipiga gitaa na kuimba pia, Mary McGlory alishika besi, na Sylvia Saunders alikaa kwenye dramu. Walianza Liverpool mwaka 1963, wakahamia Hamburg nchini Ujerumani mwaka 1964, na wakasambaratika mwaka 1968 baada ya ziara ya Japani. Mimi mwenyewe hupiga besi katika bendi ya dansi, na nilivutwa nao kwa njia ambayo mpiga besi yeyote huvutwa: niliona picha za zamani za kipindi cha televisheni cha Beat-Club cha Bremen, nikamwona binti amesimama wima na besi yake, hana mbwembwe, lakini ameushikilia wimbo mzima mikononi. Nikapanga safari inayofuata njia yao, kuanzia ukingo wa mto Mersey, kuvuka Bahari ya Kaskazini kwa meli, na kuishia katika mtaa wa Große Freiheit mjini Hamburg.

Treni iliingia stesheni ya Lime Street asubuhi yenye manyunyu, yale ya Liverpool ambayo hayamlowanishi mtu kwa ghafla bali humwingia taratibu hadi kwenye soksi. Sikutaka kuanza na vilabu kabla sijauona mto, kwa hiyo niliteremka kwa miguu hadi Pier Head, mahali ambapo meli za abiria zilikuwa zikifunga gati enzi za safari ndefu za baharini. Mtu anayeusoma mji huu kupitia nyimbo zake peke yake husahau kwamba kwanza kabisa ulikuwa bandari. Husimuliwa sana kwamba ni mabaharia waliokuwa wakirudi kutoka New York ndio walioleta santuri za Wamarekani weusi ambazo vikundi vya Liverpool viliziiga, na waandishi wa historia ya muziki bado wanabishana juu ya hadithi hiyo, kwa sababu santuri nyingi kati ya hizo zilipatikana pia katika maduka ya mjini. Kwa upande wangu naona ubishi huo haupunguzi ukweli mwingine, kwamba kijana aliyekulia kando ya maji haya hakuona ajabu kufunga mizigo na kwenda kufanya kazi ng'ambo.

Nilipanda feri inayovuka kwenda Seacombe na kurudi. Kwa mtu aliyezoea pantoni ya Kigamboni hakuna jipya sana hapo isipokuwa baridi, na ukweli kwamba vipaza sauti humpigia abiria wimbo wa Gerry and the Pacemakers wa mwaka 1964 unaoisifu feri hiyo hiyo anayoipanda. Wimbo ni mzuri, lakini ukiusikia kwa lazima, katikati ya upepo, unaanza kutamani mtu mwingine angeusifu mto huu. Hata hivyo safari hiyo fupi ina faida moja isiyo na mbadala, nayo ni kuliona jengo la Royal Liver kutoka majini, kama lilivyokusudiwa kuonekana. Lilifunguliwa mwaka 1911, na juu ya minara yake miwili wamesimama ndege wawili wakubwa wa shaba, kila mmoja akiwa na urefu wa zaidi ya mita tano, mbawa zimeinuliwa na miili imefungwa kwa nyaya. Hao ndio Liver Birds, ndege wa kubuni ambao ni nembo ya mji, na kutoka kwao mabinti walichukua jina la kikundi chao. Wenyeji husema mmoja anatazama mto ili mabaharia warudi salama, na mwingine anatazama mji ili ahakikishe kwamba baa zimefunguliwa. Husema pia kwamba siku ndege hao watakaporuka na kuondoka, mji utakwisha.

Nililipa kiingilio nikapanda mnarani, na huko juu nilijikuta nikifikiri zaidi juu ya aliyewachonga kuliko juu ya ndege wenyewe. Aliyewabuni ni Carl Bernard Bartels, mchongaji Mjerumani aliyekuwa akiishi Uingereza. Vita Kuu ya Kwanza ilipoanza, alikamatwa kama adui kwa sababu ya asili yake, akafungwa katika Kisiwa cha Man, na vita vilipokwisha akapelekwa Ujerumani ingawa familia yake ilikuwa Uingereza. Kwa muda mrefu mji uliosimama chini ya ndege wake haukulitaja jina lake. Jambo hili lina uzito wake katika habari ninayoisimulia, kwa sababu miaka hamsini na kitu baada ya ndege hao kusimamishwa, mabinti wanne waliojiita kwa jina la ndege wa Mjerumani huyo walikwenda kutafuta riziki kwa Wajerumani, na huko ndiko walikopewa heshima ambayo nyumbani hawakuipata.

Kutoka Pier Head ni mwendo mfupi hadi Mathew Street. Mtaa huu ni mwembamba, umejaa baa zinazopiga nyimbo zile zile kuanzia saa sita mchana, na niseme wazi kwamba sikuupenda. Klabu ya Cavern ilifunguliwa hapa Januari 1957 kama klabu ya jazi iliyokuwa katika vyumba vya chini vya ghala. Ilifungwa mwaka 1973 na jengo likabomolewa kwa ajili ya mradi wa reli ya chini ya ardhi, kisha mwaka 1984 ikajengwa upya katika sehemu kubwa ya eneo lile lile, kwa kutumia matofali mengi ya awali. Mtu anateremka ngazi ndefu zinazozunguka, anafika katika mapango ya matofali yenye matao ya chini, na joto la miili ya watu linampokea kabla ya muziki. Bendi niliyoikuta ikipiga ilikuwa ya watu wazima wenye ujuzi, na ilipiga nyimbo za Beatles bila kukosea hata noti moja, jambo ambalo Beatles wenyewe hawakulifanya mahali hapo.

Husimuliwa kwamba ilikuwa ndani ya Cavern ya awali, mwaka 1962, ambapo Mary McGlory, akiwa na umri wa miaka kumi na sita, aliwaona Beatles na kuamua kwamba yeye na wenzake watakuwa wasichana wa kwanza kufanya kitu kama kile. Ndoto yake nyingine wakati huo ilikuwa kuwa mtawa wa Kikatoliki. Katika siku za mwanzo wenzake walikuwa wengine, akiwamo dada yake Sheila. Baadaye ndipo wakakamilika wale wanne waliorekodi. Kama Mary alivyosimulia mara nyingi, walipokutanishwa na Beatles na kutambulishwa kama kikundi kipya cha wasichana, John Lennon aliwaambia kwamba wasichana hawapigi magitaa. Maneno hayo yameandikwa kila mahali sasa, hata mwaka 2019 ukumbi wa Royal Court, ambao uko karibu na stesheni ya Lime Street, uliyafanya kuwa jina la mchezo wa kuigiza wenye nyimbo kuhusu Liverbirds. Nilipita mbele ya ukumbi huo nikiwa na mkoba mgongoni, na nikawaza kwamba mzaha wa sekunde chache wa mwanamume mmoja umepata nafasi kubwa kuliko nyimbo ambazo wanawake hao walizirekodi.

Nje ya Cavern kuna sanamu ya Cilla Black, aliyekuwa akitunza makoti klabuni humo kabla hajawa mwimbaji mashuhuri. Iliwekwa mwaka 2017, na watu hupiga foleni kupiga nayo picha. Siibezi, kwa kuwa Cilla alikuwa na sauti, lakini inaonyesha vizuri mpaka uliokuwapo. Mwanamke alikaribishwa mbele ya kipaza sauti, akiwa amevaa gauni, huku wanaume wakipiga ala nyuma yake. Kukaa kwenye dramu au kufunga besi begani lilikuwa jambo jingine. Upande wa pili wa mtaa kuna ukuta wa matofali yaliyochongwa majina ya wote waliowahi kutumbuiza Cavern kuanzia 1957 hadi 1973, majina 1,801 kwa jumla. Nilianza kuyasoma tofali kwa tofali, na macho yalichoka kabla sijafika robo. Ukuta huo ndio uliozungumza nami kuliko sanamu zote, kwa sababu unaonyesha jinsi kulivyokuwa na mamia ya vikundi katika mji mmoja, kila kimoja kikiwa na magitaa yaliyonunuliwa kwa mkopo katika duka la Frank Hessy, kila kimoja kikipiga kopi za nyimbo za Chuck Berry, na karibu vyote vikisahaulika pamoja, wanaume kwa wanawake.

Kuna kichekesho ambacho sijaona kikitajwa vya kutosha. Nyimbo ambazo Liverbirds walizipenda kuliko zote zilikuwa za Bo Diddley, Mmarekani mweusi mwenye gitaa la umbo la sanduku. Bo Diddley huyo tangu mwaka 1957 alikuwa na mpiga gitaa mwanamke katika bendi yake, Peggy Jones, na alipoondoka akamchukua mwanamke mwingine, Norma-Jean Wofford, aliyepewa jina la The Duchess. Kwa hiyo wakati Liverpool inaambiwa kwamba wasichana hawapigi magitaa, sehemu ya muziki ambao Liverpool nzima ilikuwa ikiuiga ilikuwa tayari imepigwa na wanawake. Nilipokuwa nimesimama kwenye ukuta ule niliikumbuka pia Women Jazz, bendi ya wanawake iliyokuwapo Dar es Salaam katika miaka hiyo hiyo ya sitini, na Les Amazones wa Guinea, wanawake askari wa jendamaria walioanzisha bendi yao mwaka 1961, wakiwa na serikali nyuma yao. Liverbirds hawakuwa na serikali wala chama. Walikuwa na vikuza sauti, gari, na mialiko ya kumbi ndogo za kaskazini mwa Uingereza, na katika kuzunguka huko walipanda jukwaa moja na Rolling Stones na Kinks wakati vikundi hivyo navyo vilikuwa bado vinapanda ngazi.

Kwa nini hawakukaa? Mtu akiwa Liverpool anaona jibu bila kuambiwa. Kampuni za kurekodi zilikuwa London, na London ilipoingiwa na wazimu wa sauti ya Mersey mwaka 1963 ilichukua vikundi vichache vilivyokuwa na meneja mwenye jina, kisha ikageukia kwingine. Kikundi cha wasichana kilionekana kuwa kioja cha kuchangamsha onyesho, si bendi ya kuwekewa fedha. Hamburg ilikuwa tofauti kwa sababu ya kibiashara kabisa: kumbi za St. Pauli, eneo la starehe la mji huo, zilifunguliwa usiku kucha na zilihitaji bendi nyingi za Kiingereza, zinazoweza kupiga kwa saa nyingi, kwa bei ambayo mwenye ukumbi anaimudu. Manfred Weissleder, mwenye ukumbi wa Star-Club, aliwachukua Liverbirds mwaka 1964, na mahali ambapo kikundi kingine kingekaa mwezi mmoja au miwili na kurudi, wao walibaki.

Safari yangu ya kwenda huko ilianza kwa treni hadi London Euston, zaidi kidogo ya saa mbili, kisha kuvuka mji kwenda stesheni ambayo kwa kejeli ya majina inaitwa Liverpool Street na haina uhusiano wowote na Liverpool kwa msafiri wa kawaida. Kutoka hapo treni inakwenda mashariki hadi bandari ya Harwich, ambako meli ya usiku huondoka kuelekea Hook of Holland nchini Uholanzi. Ndege ingenifikisha Hamburg mapema zaidi na pengine kwa nauli ndogo, lakini njia hii ndiyo iliyokuwa njia ya wanamuziki. Beatles walipokwenda Hamburg mara ya kwanza, Agosti 1960, walipitia Harwich, na ipo picha mashuhuri ya gari lao dogo likiinuliwa kwa winchi kuingizwa melini, limejaa vyombo hadi juu ya paa. Kwangu kizuizi hakikuwa winchi, bali karatasi. Mwenye pasipoti ya Tanzania anayetaka kwenda Liverpool na Hamburg kwa safari moja huhitaji viza mbili tofauti, na maandalizi ya viza hizo yalichukua muda mrefu kuliko safari yenyewe.

Meli iliondoka karibu na saa tano usiku. Abiria wengi walikuwa madereva wa malori waliokula haraka na kwenda kulala, na baada ya nusu saa baa ilibaki na wazee wawili na mimi. Nilikaa dirishani nikisikiliza rekodi za Liverbirds kwa vifaa vya masikioni, na injini ya meli ikawa inaingiza besi yake chini ya ile ya Mary. Kipo kitu ambacho msikilizaji wa Afrika Mashariki anakitambua mara moja katika nyimbo hizo. Pigo la Bo Diddley ni matatu kisha mawili, jamaa wa karibu wa lile pigo la Kuba lililoingia Kongo kwa santuri na kutoka Kongo likaja kwetu katika dansi. Ndiyo maana mguu wangu uliwaelewa mabinti hawa kabla masikio yangu hayajayazoea matamshi yao. Sylvia analipiga pigo hilo kwa uzito, bila mapambo, na anaziacha nafasi tupu zibaki tupu, jambo linalowashinda wapiga dramu vijana kwa sababu kila nafasi wanaiona deni.

Asubuhi bandari ya Hook of Holland ilikuwa kijivu na tambarare. Metro inaanzia karibu kabisa na gati na kuelekea Rotterdam, na kutoka huko nilibadilisha treni Amersfoort, nikaingia Ujerumani kupitia mpaka wa Bad Bentheim, nikabadilisha tena Osnabrück. Mashamba, mifereji, ng'ombe, mitambo ya upepo. Sina zaidi la kusema juu ya sehemu hiyo. Alasiri treni ilivuka mto Elbe, minara ya makanisa ya Hamburg ikajitokeza pamoja na winchi za bandari, na nikajua nimefika katika bandari nyingine ya mtoni yenye mvua, ndugu wa Liverpool kwa sura na tabia.

Alinipokea mzee wetu mmoja, mwenyeji wa Tanga aliyekuja huku akiwa baharia katika miaka ya sabini na kulowea Altona, sehemu ya Hamburg ya leo. Nilimwamkia, "Shikamoo, mzee," akaitikia, "Marahaba, mwanangu, umekuja kutafuta nini katika baridi hii?" Nilipomweleza alicheka sana, kisha akasema, "Star-Club? Mimi nilipofika ilikuwa imeshafungwa. Watu wa St. Pauli walikuwa wakiitaja kama wanavyomtaja marehemu aliyekuwa mkarimu." Hakuwa amewahi kuwasikia Liverbirds, lakini aliposikia jina la Große Freiheit alivaa koti lake bila kuombwa. Njiani aliniambia kwamba Waswahili wa Hamburg wana kaburi lao la kuzuru, la Sayyida Salme, binti wa Sultani wa Zanzibar aliyeolewa na mfanyabiashara wa hapa na kuitwa Emily Ruete, aliyezikwa makaburi ya Ohlsdorf. Alinisihi niende. Nilimwahidi, na nilikwenda, lakini hiyo ni habari ya siku nyingine.

Große Freiheit ni mtaa mfupi unaochepuka kutoka Reeperbahn, barabara kuu ya starehe ya St. Pauli. Jina lake linatokana na uhuru wa dini na wa ufundi uliotolewa hapa zamani, wakati Altona ilikuwa nje ya mamlaka ya Hamburg, na alama ya uhuru huo bado ipo: kanisa Katoliki la Mtakatifu Yosefu, la karne ya kumi na nane, limesimama katikati ya mabango ya taa za rangi na milango ya kumbi za wanawake wanaovua nguo. Nilisimama mbele yake kwa muda. Binti aliyekuwa akitaka kuwa mtawa aliletwa na besi yake hadi kwenye mtaa wenye sifa mbaya kuliko yote ya Ujerumani, na kwenye mtaa huo huo akakuta kanisa la dini yake. Mwandishi wa hadithi za kubuni angeogopa kuweka jambo kama hilo, wasomaji wasije wakamwambia amezidisha.

Kwenye kona ya Reeperbahn kuna kiwanja cha Beatles kilichojengwa mwaka 2008, cha mviringo mfano wa santuri, chenye maumbo ya chuma ya wanamuziki. Ndani ya mtaa, namba 36, ukumbi wa Kaiserkeller bado unafanya kazi, na mbele zaidi, namba 64, iko Indra, ambako Beatles walianza. Star-Club ilikuwa namba 39. Ilifunguliwa tarehe 13 Aprili 1962 katika jengo lililokuwa sinema, ikiwa na tangazo lililojigamba kwamba zama za muziki wa kijijini zimekwisha, na katika miaka michache ikawapandisha jukwaani Little Richard, Ray Charles, Jerry Lee Lewis, na Machi 1967 Jimi Hendrix. Ilifungwa siku ya mwisho ya mwaka 1969. Baadaye jengo likageuzwa ukumbi wa maonyesho ya ngono, likaungua mwaka 1983, na likabomolewa. Leo mtu anaingia uani, anakuta jiwe la kumbukumbu lenye majina ya wanamuziki, na kuta za majengo mapya. Mzee alilitazama jiwe, akanitazama mimi, akasema, "Kaburi lisilo na mwili." Sikuwa na la kuongeza.

Lakini ni hapa, si Mathew Street, ambapo Liverbirds walikuwa wenye nyumba. Waliingia Star-Club kama kivutio cha ajabu, wanawake wanne wenye ala zao, na mwenye ukumbi aliwatangaza hivyo hivyo, kwa kuwalinganisha na Beatles. Hadhira ya St. Pauli, iliyojaa mabaharia, wanafunzi wa sanaa na makahaba waliomaliza zamu, haikuwa hadhira ya kumvumilia mtu kwa huruma. Ajabu ingewapa wiki mbili. Walikaa miaka. Lebo ya Star-Club Records iliwatolea santuri mbili ndefu, moja mwaka 1965 na nyingine mwaka 1966, na wimbo wao wa "Diddley Daddy" ulipanda hadi nafasi ya tano katika chati za Ujerumani. Walizunguka nchi, wakaonekana kwenye televisheni, na Pamela Birch akaanza kuandika nyimbo zake mwenyewe, zikiwamo "Why Do You Hang Around Me" na "It's Got to Be You". Hapo ndipo ninapotofautiana na wale wanaowaita kikundi kilichokaribia kufaulu. Anayesema hivyo amekaa Uingereza akihesabu chati za Uingereza. Kijana wa Kijerumani wa mwaka 1965 hakuwaona wakikaribia chochote; aliwaona wamefika, na alilipa kiingilio kuwatazama.

Kumalizika kwao hakukutokana na muziki kuisha nguvu. Mwaka 1968 walialikwa Japani. Sylvia alikuwa mjamzito na madaktari hawakumruhusu kupiga dramu. Mchumba wa Valerie alipata ajali ya gari akapooza, naye Valerie akaliacha jukwaa, akaolewa na mtu huyo na kumuuguza kwa zaidi ya miaka ishirini. Pamela na Mary walikwenda Japani na wanamuziki wawili wa Kijerumani mahali pa wenzao, wakafanya ziara, wakaona kwamba bila wale wawili haikuwa bendi ile, na wakaacha. Mary aliolewa na Frank Dostal, mwimbaji aliyepitia kikundi cha The Rattles cha Hamburg, ambaye baadaye aliandika maneno ya wimbo wa disko "Yes Sir, I Can Boogie" wa mwaka 1977, wimbo ambao hata katika harusi za kwetu ulichezwa mpaka santuri zikalika. Pamela alibaki Hamburg na kufariki huko mwaka 2009. Valerie alifariki mwaka 2016. Mary na Sylvia walitoa kitabu cha kumbukumbu zao mwaka 2024, wakiwa wamekwisha kuvuka miaka sabini.

Siku ya mwisho nilitafuta duka la santuri za zamani, kwa kuwa sikutaka kuondoka Hamburg nikiwa nimewasikia kwa vifaa vya masikioni peke yake. Mwenye duka, mzee wa Kijerumani mwenye Kiingereza kizuri, aliniuliza natafuta kikundi gani, na nilipotaja jina hakusita. Alikwenda moja kwa moja kwenye sanduku lililoandikwa Hamburg, si lile la Uingereza lililokuwa pembeni yake, akatoa santuri ya mwaka 1965 yenye jalada lililochakaa pembeni na kuiweka kwenye gramafoni. Sauti ya Pamela ilijaza duka. Ni sauti nzito, ya chini, yenye mkwaruzo, na haimwombi msikilizaji ampende. Gitaa la Valerie linachoma pale linapotakiwa kuchoma, na kuna mahali ambapo bendi inakimbia kidogo kisha inajirudi, kosa ambalo mtayarishaji wa leo angelisafisha kwa kompyuta na kuua wimbo. Nilisikiliza pande zote mbili nimesimama. Bei ya santuri ile ya awali ilizidi nauli yangu ya meli na treni kwa pamoja, kwa hiyo niliirudisha nikachukua mkusanyo wa rekodi zao za Star-Club uliotolewa upya mwaka 2010, na mzee yule, pamoja na mazungumzo yetu yote mazuri, hakunipunguzia hata senti moja.